Mkate wa Wifi

Mama alikataa ugali wa unga wa njano tangu siku ya kwanza ulipoingia nyumbani kwetu. Alisema hicho ni chakula cha kuku na wafungwa, akageukia ukutani. Kwa Mhaya wa umri wake, asiyekula ndizi hajala, hata tumbo likijaa. Lakini miaka ile baada ya vita vya Kagera, migomba ya kibanja chetu pale Izigo ilikuwa inaanguka yenyewe kwa wadudu kabla mikungu haijakomaa. Ndizi chache tulizopata zilikuwa nyembamba kama vidole vya mtoto. Kilichobaki kilikuwa unga wa mgao, wa njano, wenye harufu ya gunia.

Nyumbani tulikuwa wanawake watatu. Mama, ambaye meno yalikuwa yamekwisha na macho yalikuwa yanakwisha. Mimi, niliyerudi kutoka Maruku nilikoolewa, baada ya mume wangu kuleta mwanamke mwingine na kuniambia nichague kukaa jikoni au kuondoka. Na mjane wa kaka yangu. Kaka alikuwa amefariki miezi mitano kabla, na alizikwa kibanjani, hatua chache kutoka dirisha la mama.

Huyo mjane nilimwita wifi kwa sababu ndivyo desturi inavyotaka. Sikumpenda tangu siku alipoletwa. Alitoka ng'ambo ya mto Kagera. Askari wa adui walipoingia kwao alikimbia kuelekea kusini na watu na ng'ombe, na baba yake na kaka zake hawakuonekana tena. Masista wa Rubya walimchukua akawa mpishi jikoni kwao, na huko ndiko kaka alikompata. Alipomleta nyumbani, mama aliuliza mahari tutaipeleka wapi. Kaka akajibu kwamba hakuna wa kupelekewa. Mama alinyamaza, lakini mimi sikunyamaza. Nilisema mbele yake mwenyewe kwamba mwanamke asiye na kwao ni kama mche uliookotwa njiani, hujui utazaa nini. Alizaa mtoto mmoja wa kike, na mtoto akafariki kwa surua kabla hajatembea. Hata hilo nililihesabu juu yake.

Kaka alipoanza kukonda, watu walikuwa tayari na jina. Wengine waliuita silimu, ugonjwa wa kukondesha, wengine waliuita kwa jina la kitambaa cha mashati ya magendo yaliyotoka Uganda. Alikuwa mnene, mwenye sauti, mfanyabiashara wa samaki aliyenunua visiwani na kuuza Bukoba mjini. Akawa mtu wa kubebwa kwenda nje kujisaidia. Wifi ndiye aliyembeba. Mimi nilisimama mlangoni nikifikiria kwamba anambeba kwa sababu ndiye aliyemwua.

Baada ya matanga hakuna jirani aliyekunywa maji nyumbani kwetu. Nami nikaanza woga wangu mwenyewe. Nilitenga kikombe cha wifi. Vikombe vyetu vilikuwa vya bati, vyote sawa, kwa hiyo nilifunga kijiuzi chekundu kwenye mkono wa kikombe chake. Sikumwambia kitu, na yeye hakuuliza. Wiki mbili baadaye nilikuwa nakunywa uji asubuhi, nikahisi kitu kidoleni. Kijiuzi kilikuwa kwenye kikombe changu. Nilipoinua macho, wifi alikuwa ananiangalia kutoka upande wa pili wa jiko, anatafuna polepole.

"Tangu lini?" nilimwuliza.

"Hesabu mwenyewe," alisema.

Sikujua nilikuwa nimetumia kikombe chake kwa siku ngapi. Nilikwenda nyuma ya nyumba nikajitapisha kwa kidole mpaka nikatoa maji ya njano. Aliendelea kufagia uani kana kwamba sipo.

Ndivyo tulivyoishi. Jiko moja, meko mawili, kila mmoja na kuni zake.

Siku moja nilirudi kutoka kwenye mgao nikamkuta mama amekaa kitandani, anakula. Sikuwa nimemwona akila hivyo tangu mazishi. Mkononi alikuwa na kipande cha mkate mzito, wa njano kwa ndani, wa kahawia kwa nje, na chumba chote kilinukia vitunguu na ndizi mbivu. Alikuwa anaumumunya kwa ufizi, amefumba macho.

"Umepewa nini, mama?"

"Mke wa mwanangu amenipikia. Kumbe ule unga wa kuku unaweza kuwa chakula."

Nilijua mkate huo. Wifi alikuwa amekuja kwetu na kikaango cha chuma, kizito, cheusi, chenye mfuniko wake, alichopewa na masista alipoaga. Kaka alipokuwa hai alimpikia humo mkate wa mahindi wenye utamu na chumvi pamoja, na kaka alikuwa akitania kwamba ameoa jiko la wazungu. Mimi sikuwahi kuuonja. Sasa nilimnyang'anya mama kipande kile, nikatoka nacho nje nikakitupa migombani. Mama alilia. Sikuwa nimemwona mama akilia kwa ajili ya chakula, hata mwaka wa vita.

Nilimkuta wifi jikoni anasugua kikaango kwa majivu.

"Mama hali kitu kilichotoka mikononi mwako," nilimwambia.

"Nani kasema? Yeye au wewe?"

"Mimi nimesema. Umemmaliza mwanawe, hutammaliza na mama."

Aliweka kikaango chini taratibu. "Basi mpikie wewe," alisema. "Kikaango hiki hapa. Siku akikataa chakula chako usije kuniita."

Nilimpikia. Nilichukua unga, maji, ndizi mbivu moja na chumvi, nikaweka kwenye kikaango juu ya moto mkali. Chini ukawa mkaa, juu ukawa uji. Mama alionja, akautoa mdomoni kwa kidole, akaniomba maji. Kesho yake nilijaribu tena, ikawa vilevile. Siku ya tatu mama alikataa hata maji. Alikuwa amelala akitazama ukuta, na mifupa ya mabega ilikuwa inaonekana chini ya kanga. Nikaogopa. Nilikuwa tayari nimezika mmoja.

Nilikwenda nikasimama karibu na wifi alipokuwa anapalilia maharage. Sikumsalimu.

"Niambie unavyoupika."

Hakuinua kichwa. "Nitaupika mwenyewe."

"Hutaugusa. Niambie tu."

Alipalilia mpaka mwisho wa tuta. Nilidhani atanitukana, na nilikuwa nimejiandaa. Mwishowe akasema, "Asubuhi lowanisha unga kwenye maziwa ya mgando, utie na kikombe cha rubisi yenye povu. Jioni nitakuja. Si kwa ajili yako."

Rubisi ni pombe yetu ya ndizi, na nilipata kikombe kwa jirani aliyenipa kwa mkono ulionyooka sana, ili nisimkaribie. Jioni, jua likiwa bado juu ya migomba, wifi alileta kigoda akakiweka mlangoni mwa jiko. Alikaa, akaweka mikono juu ya magoti, viganja vikitazama juu.

"Iangalie vizuri mikono hii," alisema. "Nitakachosema, fanya. Usiulize mara mbili."

Nilikuwa na nkonjwa tatu, zile ndizi ndefu za kuiva, maganda yameshakuwa meusi. Nikachukua mwiko.

"Si mwiko. Ponda kwa mkono. Mwiko unaacha vibonge, na mama hana meno."

"Mama yangu namjua."

"Ungemjua angekuwa amekula."

Nikaponda kwa mkono. Unga ulikuwa umevimba kwenye bakuli na ulikuwa na vitundu vidogo vidogo juu, na ile harufu ya gunia ilikuwa imeondoka. Nikachanganya ndizi humo, nikavunja mayai mawili. Wifi aliniambia nitie chumvi. Nikatia.

"Ongeza."

"Inatosha."

"Ndizi bila chumvi ya kutosha ni uji wa mtoto. Ongeza, au nenda zako."

Nikaongeza. Halafu dagaa. Aliniambia niwatoe vichwa, niwakaange bila mafuta mpaka wavunjike wenyewe, niwatwange. Nilipotwanga alisikiliza sauti ya kinu badala ya kuangalia, na mara mbili alisema bado. Kisha nikaweka samli kwenye kikaango na vitunguu viwili vilivyokatwa nyembamba. Nilitaka kumwaga unga vitunguu vilipolainika.

"Subiri. Viwe kama rangi ya udongo wa kichuguu."

Moshi uliniingia machoni. Nilimchukia kwa jinsi alivyokaa pale kama mwalimu mkuu, mgongo umenyooka, vidole vimetulia. Lakini vitunguu vilipofika ile rangi aliyosema, harufu ilibadilika, nikajua mwenyewe kwamba ndiyo saa. Nikamwagia dagaa juu yake, kisha ule mchanganyiko. Ulilia kwenye mafuta.

"Sasa toa makaa. Machache chini, mengi juu ya mfuniko. Wewe ulikuwa unaupika kama ugali. Huu unaivia juu."

Nikafunika, nikapanga makaa kwa koleo. Hakukuwa na kitu cha kufanya ila kungoja. Yeye alikuwa mlangoni, mimi karibu na mafiga, na hakuna hata mmoja wetu aliyeweza kutoka bila kumpita mwenzake.

Alianza kuzungumza akiangalia nje. "Ule mwaka ulipokwenda na kaka yako kisiwani kuchukua dagaa, mlikaa siku mbili."

"Ziwa lilichafuka."

"Alisema mlilala kwa rafiki yake mvuvi."

"Ndiyo."

"Huyo mvuvi alipika nini?"

"Sato," nilisema. "Kwa ndizi mbichi na nyanya, na..."

Nikanyamaza, lakini nilikuwa nimechelewa. Mvuvi wa kule kisiwani hapiki sato kwa ndizi mbichi na nyanya. Anachoma samaki ufukweni, anakula na wenzake. Aliyepika alikuwa mwanamke, mweupe, mcheshi, aliyekuja kisiwani kutafuta riziki kama wengine wote. Kwenye msumari ukutani kwake lilining'inia shati la kaka yangu. Kitanda kilikuwa kimoja. Kaka aliniambia njiani tukirudi, akicheka, kwamba nina mdomo mzuri wa kufunga. Niliufunga. Nilisikia baadaye kwamba mwanamke yule alifariki, mwaka mmoja kabla ya kaka kuanza kukonda. Hilo pia nililijua, na nililiweka mahali ambapo sikulitazama.

Wifi hakulia. Mikono yake ilibaki juu ya magoti.

"Kumbe ulikula kwake," alisema.

Nilisogeza kaa moja kwa koleo.

"Na kijiuzi ukanifungia mimi."

Alinusa hewa. Kisha akasema, kwa sauti ileile aliyotumia kuagiza chumvi, "Epua, usiunguze."

Nilifunua. Mkate ulikuwa umepanda, umepasuka katikati, na kingo zilikuwa zimejitenga na chuma. Nilipoupindua kwenye jani la mgomba, vitunguu na dagaa vikawa juu, vyeusi vya kung'aa. Niliukata nikampelekea mama. Alikula kipande kizima, akaomba cha pili. Alipomaliza aliita kuelekea mlangoni, "Kasinge, waitu. Mungu akuzidishie." Alikuwa anamshukuru wifi. Nilimwambia ni mimi niliyepika.

"Wewe hujui kupika hivi," mama alisema, akajilaza.

Toka siku hiyo tuliupika kila baada ya siku tatu. Wifi kwenye kigoda, mimi kwenye moto. Nilishajifunza baada ya mara ya tatu, na yeye alijua, lakini aliendelea kuja na kukaa, na mimi sikumzuia. Hatukuzungumza tena habari za kisiwani. Tulizungumza moto, chumvi na kuni zilizolowa. Ukinifanya niseme kwamba tulikuwa marafiki nitakuwa nadanganya. Siku moja nilipitisha mkono karibu na bega lake kuchukua koleo, akajivuta kama mtu aliyeguswa na kiwavi. Alikuwa ananichukia kwa haki kuliko mimi nilivyomchukia, na hilo lilinikera zaidi.

Baba mdogo aliitisha kikao cha ukoo Jumapili moja baada ya misa. Wanaume walikaa kwenye viti uani, wanawake tukakaa chini kwenye nyasi zilizotandazwa. Mama alibaki ndani, dirisha likiwa wazi. Baba mdogo alikuwa mtu wa kusema kwa upole mambo mabaya. Alisema kaka hakuacha mtoto, kibanja ni cha ukoo, na mwanawe yeye yuko tayari kukitunza na kumtunza mama. Kuhusu mjane, alisema hakuna anayemfukuza, lakini ugonjwa uliingia nyumbani kwa mlango fulani, na kila mtu anajua mwanamke aliyepita mikononi mwa askari vitani hupita na nini.

Wifi alipiga magoti kama inavyotakiwa mbele ya wazee, akasema bila kutetemeka. "Hakuna askari aliyenigusa. Nilitembea kwa miguu mpaka Rubya na masista ni mashahidi. Lakini siwaombi mniamini mimi. Muulizeni wifi yangu. Alikwenda na mume wangu kisiwani. Awaambie walilala kwa nani."

Baba mdogo alinigeukia. "Haya, binti. Uliona nini?"

Nimeifikiria ile dakika miaka mingi, na sitaki kuipamba. Sikuchanganyikiwa wala sikutishwa na mtu. Nilifikiria kwamba nikisema, kaka yangu atakuwa amefia aibu, na wifi atabaki kwenye kibanja, nami nitazeeka nikiishi kwa hisani ya mkimbizi. Nilifikiria haya yote kwa utulivu, kama mtu anayechagua viazi sokoni.

"Nilikwenda kununua dagaa," nilisema. "Tulilala kwa mvuvi. Sikuona kitu."

Wifi alinitazama. Hakushangaa. Nafikiri hilo ndilo lililoniumiza, kwamba alikuwa ameuliza akijua jibu, ili watu wanisikie nikilitoa. Akainuka, akapangusa nyasi kwenye magoti, akaingia ndani.

Aliondoka kesho yake asubuhi. Alikuwa na mfuko mmoja wa nguo, na kikaango alikuwa amekifunga kwenye kanga, amekitia kichwani. Nilimfuata mpaka mwisho wa migomba.

"Kikaango kiache," nilisema. "Mama atakula nini?"

Aligeuka taratibu kwa sababu ya mzigo. "Mama yako atakula ulichokisema jana," alisema. Kisha akashika njia ya kwenda Muleba.

Nilijaribu kupika kwenye sufuria ya alumini. Nilifuata kila kitu: maziwa, rubisi, ndizi za kupondwa kwa mkono, vitunguu mpaka rangi ya kichuguu. Sufuria ni nyembamba, haitunzi moto. Ulitoka mkate, lakini wa kushikana na meno. Mama alikula matonge mawili akaweka kando, hakulalamika. Hakuniuliza wifi amekwenda wapi. Dirisha lilikuwa wazi siku ile ya kikao, na mama macho yalikuwa yamekwisha, si masikio. Kwa miezi iliyobaki aliniita kwa jina langu tu, hakuniita tena mwanangu.

Mtoto wa baba mdogo alihamia na mkewe kabla ya mavuno ya kahawa. Mkewe alinionyesha chumba cha nyuma palipokuwa panawekwa majembe. Katika kibanja nilichokidanganyia sikupata hata mgomba mmoja, na sikuwa na wa kumlalamikia.

Mama alifariki wakati wa masika. Nilikuwa nimekaa na wanawake wa matanga wifi alipoingia uani. Mtu alikuwa amempelekea habari kwenye mgahawa alikokuwa anapikia madereva, kule Muleba. Alikuwa amenenepa. Wanawake wawili waliokaa karibu nami walinong'onezana kuhusu unene huo, maana kila mtu alikuwa anamngojea akonde. Alipiga magoti akawasalimu wazee. Akaingia kumwona mama, akakaa naye kidogo. Alipotoka alinipita kama unavyopita nguzo.

Mama alizikwa kando ya kaka. Watu walipokuwa wanarudi uani kula, niliona wifi amebaki kule kibanjani. Kaburi la kaka lilikuwa limemezwa na magugu. Mimi niliyelala hatua chache kutoka pale sikuwa nimelipalilia tangu yeye aondoke. Aliinama akayang'oa kwa mkono, mengine yenye mizizi mirefu akayavuta kwa mikono miwili, akayakusanya chungu moja chini ya mgomba. Ilimchukua muda. Nilisimama kwenye pembe ya nyumba, nikifikiria kwamba nikienda kumsaidia itabidi niseme kitu, na sikuwa na kitu cha kusema ambacho asingekijua.

Alipomaliza alinawa udongo kwenye mtungi wa watu wote, akarekebisha kanga yake, akaondoka kwa njia ya nyuma. Desturi yetu ni kumsindikiza mgeni walau mpaka mwisho wa kibanja. Sikumsindikiza.